Kiwanja kimefutwa, barua za madai zilikuwa zinaenda kwa marehemu

Mhariri, naomba nafasi kidogo, hii ishu ya viwanja kurudi serikalini kisa kodi ya ardhi imetufika nyumbani na najua hatuko peke yetu.

Kiwanja ni cha marehemu baba, mkoa siutaji maana bado tunafuatilia na sitaki faili "lipotee". Kina banda la vyumba viwili, lina umeme, na kila ukinunua umeme hela ya jengo inakatwa kwenye LUKU, ilianza buku kwa mwezi mwaka 2021 saivi ni 1,500, sasa muulize mtu yeyote mtaani kwetu atakwambia hiyo ndo kodi ya ardhi yenyewe. Siyo bana! Ile ni kodi ya jengo. Kodi ya pango la ardhi ni kitu kingine kabisa, ya mwaka, inaenda wizara ya ardhi kwa kontro namba yake, na usipolipa riba inazidi kupanda mpaka siku unaambiwa milki imefutwa.

Tulipoenda ofisini wakatufungulia faili. Barua zipo kweli, nakala zimebanwa na pini iliyoota kutu, zote jina la baba, zote kwa sanduku la posta ambalo baba mwenyewe aliacha kulilipia angali hai. Juu mhuri, IMETUMWA. Imetumwa kwa nani sasa? Mwenyekiti wa mtaa anajua mzee alishafariki, alishika koleo siku ya mazishi, ila hakuna aliyempa hata nakala moja. Na mlangoni pale pale bado kuna bango la ule msamaha wa riba wa 2022, ule ulioongezwa mpaka Aprili 2023, mama ndo analiona siku hiyo, kona imeshachanika.

Nilichojifunza nawaambia wenzangu bure. Mkiambiwa "kimefutwa" msianze kulia, ulizeni kwanza kimefutwa na nani, kwa sababu kwa Sheria ya Ardhi ya 1999 mwenye mamlaka ya kufuta milki ni Rais, afisa ardhi hana huo ubavu, na kabla ya hapo lazima mmiliki apewe notisi. Kuna jirani yetu aliambiwa hivyo hivyo kimefutwa kumbe ni notisi tu, akalipa malimbikizo yote akaondoka na risiti yake. Sisi kwetu ilishapita huko.

Kukirudisha ndo kazi. Kwanza mkafungue mirathi mahakamani apatikane msimamizi, bila hiyo hata kwenye faili hamsikilizwi. Halafu mkitaka kuishitaki serikali mnatakiwa kutoa notisi ya siku 90, na kesi yenyewe ni Mahakama Kuu siyo baraza la ardhi la wilaya, hapo wakili hajataja bei yake. Siku 90 hizo mnakaa tu mnasubiri wakati kiwanja anaweza akapewa mtu mwingine akaanza kumwaga kokoto. Na nje ya ofisi kuna vijana wanakwambia wana mtu ndani, mpe kitu kidogo atalimaliza, msithubutu.

Sisemi watu wasilipe kodi, walipe. Ila namba za simu serikali inazo, laini zetu zimesajiliwa kwa vidole, meseji ya deni inashindikana nini? Na notisi ikitoka ipitie kwa mwenyekiti wa mtaa asaini kwamba ameipata na ameifikisha kwenye ile familia. Wizara itamke pia kwamba kiwanja kilichofutwa kwa deni la pango hakigawiwi kwa mtu mwingine kama warithi wameshaandika barua na wako tayari kulipa deni lote. Yetu tumeipeleka, imegongwa mhuri wa kupokelewa, majibu bado.

Mtoto wa marehemu