Mhariri, kijana wetu bado si grandmasta

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kidogo tusahihishane neno moja. Wiki mbili zilizopita gazeti lako lilitoa picha ya kijana wa hapa kwetu Igombe akiwa mbele ya ubao wa chesi, na chini yake mkaandika "Grandmasta wa Mwanza". Kijana alishinda bonanza la siku moja, na picha aliistahili. Ugomvi wangu ni hilo neno. Tangu siku ile jina alilopewa na wazazi wake halisikiki tena ufukweni. Kuanzia makuli hadi mama wa chapati ni "Granda, leta ndoo hapa!" Mwenyewe ameikata picha ile na kuibandika ndani ya kifuniko cha boksi la betri. Na mazoezi ameacha. Nilipomuuliza akanijibu, "Baba mdogo, nifanye nini tena? Si nimeshafika?"

Mimi ni fundi taa. Zamani nilitengeneza karabai, siku hizi ni taa za sola na betri za kuvulia dagaa. Dagaa hufuata taa gizani, kwa hiyo mwezi ukikua mitumbwi inapandishwa mchangani na watu wanakaa. Siku hizo za mbalamwezi ndizo siku zetu za ubao. Wengi wanacheza drafti, kete zao vizibo vya soda, huyu kafunika, yule kafunua. Chesi tunacheza wachache. Mimi nilifundishwa mwaka 1994 na mwalimu wa hesabu aliyekuwa amepanga chumba jirani na kwetu Kirumba. Alipohama aliniachia ubao na kete zake, farasi mmoja akiwa hayupo. Mpaka leo farasi huyo ni kifuniko cha chupa ya dawa ya kikohozi, na wapinzani wangu wote wanamwogopa kuliko yule mwenye kichwa.

Sasa turudi kwenye neno. Grandmasta ni cheo kinachotolewa na FIDE, shirikisho la chesi la dunia, tangu mwaka 1950. Ukishakipata ni chako mpaka kufa, hata kama umeishiwa makali. Lakini kukipata, kwa kawaida lazima ufikishe pointi 2500 katika orodha ya FIDE (zile 1600 ambazo kijana wetu ananionyesha kwenye simu ni za programu aliyojiunga nayo kwa bando la mia tano, haziendi kokote). Juu ya hapo, uonyeshe katika mashindano matatu, kila moja michezo tisa au zaidi, kwamba umecheza kwa kiwango cha 2600; kila shindano la hivyo linakupa alama moja. Na wapinzani hao si wa kuokoteza. Theluthi yao, wasiopungua watatu, wawe tayari ni grandmasta. Tanzania hatuna hata mmoja. Mtoto wa Igombe awe na kichwa cha namna gani, hao watatu hawapati Mwanza wala Dar es Salaam. Ni lazima apande ndege.

Waulizeni waliopita njia hiyo. Amon Simutowe wa Zambia alisoma Marekani, Chuo Kikuu cha Texas huko Dallas, ambacho hufadhili wachezaji wa chesi. Alama yake ya tatu aliikamilisha Arnhem, Uholanzi, mwaka 2007, na bado cheo chenyewe kikaja mwaka 2009, kwa sababu pointi 2500 zilikuwa hazijatimia. Mtu ana alama zote tatu mfukoni, anaambiwa subiri! Kenny Solomon wa Afrika Kusini, mtoto wa Mitchells Plain, Cape Town, yeye alikipata moja kwa moja kwa kutwaa ubingwa wa Afrika, Windhoek, Namibia, mwaka 2014.

Lakini anayenikaa kichwani zaidi ni Robert Gwaze wa Zimbabwe. Mwaka 2002, Olimpiadi ya chesi kule Bled, Slovenia, alicheza ubao wa kwanza wa nchi yake, yaani ule unaokutanishwa na vinara wa kila timu. Alicheza michezo tisa, akashinda tisa. Hakutoa sare hata moja, na medali ya dhahabu akaibeba. Cheo chake ni intanesheno masta, ngazi moja chini ya grandmasta. Sasa, Mhariri, kama Gwaze na tisa zake za Bled haitwi grandmasta, huyu wetu wa bonanza tumwite kwa lipi?

Hata ng'ambo ya ziwa hili hili, Katwe ya Kampala, yuko Phiona Mutesi, aliyeanza kwenda kwenye chesi kwa kufuata kikombe cha uji. Mwaka 2012 alitoka Olimpiadi ya Istanbul na cheo cha kandideti masta wa wanawake. Ni ngazi ya chini kwenye orodha ya vyeo, na dunia nzima imemjua kwa hiyo hiyo.

Mbalamwezi iliyopita nilijaribu dawa nyingine. Nilipanga ubaoni mwisho wa mchezo wa 14 wa kugombea ubingwa wa dunia kule Singapore, tarehe 12 Desemba 2024, Gukesh wa India na bingwa mtetezi, Ding Liren wa China. Walikuwa wamefungana sita na nusu kwa sita na nusu. Gukesh alikuwa amezidi askari mmoja tu, ile kete ndogo, na kila mtu alijua hiyo ni sare. Askofu wa Ding alikuwa amejibanza kwenye kona kabisa. Hatua ya 55, Ding akaiweka ngome yake, kete kubwa, ikabiliane na ngome ya mwenzake, wabadilishane, wamalize, wakalale.

Pembeni alikaa nahodha mmoja mzee wa drafti, ambaye chesi haijui na hataki kuijua. Kabla sijasogeza kete akamwekea kidole yule askofu wa pembeni. "Huyu ndiye atakayemponza. Akishabadilisha hizo kubwa, huyu analishwa, na hana pa kukimbilia." Ndivyo ilivyokuwa. Ngome zikalana, Gukesh akamleta askofu wake katikati kwenye mstari ule ule wa mshazari unaotoka kona, maaskofu nao wakalana, wakabaki wafalme na askari. Hapo yule mmoja wa ziada alitosha. Gukesh akawa bingwa wa dunia akiwa na miaka 18, wakati Kasparov alipoupata ubingwa huo mwaka 1985 alikuwa na 22.

Kijana wetu alikodoa macho, akaomba tuipange tena. Tukaipanga mara nne. Mara ya nne nikamwambia kwamba huyu Gukesh alipata ugrandmasta Januari 2019 akiwa na miaka 12 na miezi saba, na ili afike huko baba yake, daktari wa upasuaji wa masikio, pua na koo, aliacha kazi akawa anamsindikiza kwenye mashindano, mshahara wa mama ukabeba nyumba. Kijana akakaa kimya, kisha akauliza nauli ya ndege mpaka Windhoek ni shilingi ngapi. Sikuwa na jibu, mimi ndege naziona zikipita juu tu.

Ombi langu, Mhariri, ni dogo. Toa sahihisho, andika "mshindi wa bonanza". Na mkija tena kupiga picha ya mchezaji, pigeni na ubao wenyewe kwa juu, kete zinaonekana, mwandike ni zamu ya nani, ili sisi huku tubishane nayo. Nitaikata niibandike juu ya ile ya kwanza. Ikiwezekana itoke kabla mwezi haujapungua, maana giza likiingia wote tunarudi kazini.

Msomaji wako,
Fundi Taa,
Igombe, Mwanza