Picha ya Nyanya na ufunguo wake: niitundike au niifiche?

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni mchoraji hapa Nakuru. Kinachonilisha ni mabango ya hoteli na vinyozi, lakini kwa miaka mitatu sasa nimekuwa nikiwachora kwa makaa wazee waliofurushwa makwao baada ya uchaguzi wa Desemba 2007. Nilikuwa mwanafunzi wakati ule. Nakumbuka malori yakishusha watu na magodoro kwenye uwanja wa maonyesho ya kilimo. Ripoti ya Jaji Waki, aliyeongoza tume ya kuchunguza ghasia zile, ilitoa hesabu ya waliouawa, 1,133. Mimi nilitaka sura za waliobaki.

Picha ninayoipenda kuliko zote ni ya bibi mmoja, nitamwita Nyanya. Alifukuzwa shambani kwake karibu na Burnt Forest, akafika huku na mjukuu mgongoni na ufunguo wa mlango shingoni. Nyumba yenyewe iliungua siku hiyohiyo. Operesheni Rudi Nyumbani ya Mei 2008, mpango wa serikali wa kuwarejesha waliofurushwa, haikumrudisha; zile shilingi 10,000 za serikali alizitia kwenye biashara ya mboga. Ufunguo bado anao, umefungwa kwa uzi wa gunia, na meno yake yamelika kwa kushikwashikwa. Nilipokuwa namchora alitazama vidole vyangu vyeusi akacheka: "Kumbe ni makaa? Basi na nyumba yangu imo humo." Ufunguo akaniachia niutundike kando ya picha kwenye maonyesho yangu.

Sasa yule mjukuu wa mgongoni ameposwa, na mchumba anatoka kulekule walikofukuzwa. Wiki jana mwanawe Nyanya alinijia karakana, hata chai alikataa. Akasema, "Wakwe wakija mjini waone nini? Kwamba bado tunawahesabia moto?" Anataka picha itolewe, ufunguo urudi, na mama yake asiambiwe lolote.

Shangazi, huyu baba simlaumu. Alilala hemani miezi mingi, mimi nilikuwa nalala kwetu kitandani. Na sitaki kuharibu ndoa ya mtu kwa karatasi niliyoipaka masizi. Lakini aliyekaa kwenye kiti changu akaniambia "chora" ni Nyanya, si mwanawe. Halafu kuna jambo linalonitia aibu: bibi harusi hatujamuuliza, si baba yake wala mimi.

Rafiki yangu mmoja ananishauri niitundike bila jina na nimfiche uso kwa kivuli. Nilijaribu usiku mmoja kwenye nakala. Bila uso ule, ni mkono tu ulioshika chuma.

Picha zingine zote zimeshatiwa fremu na ukumbi wa kanisa nimeulipia. Je, nimwendee Nyanya nimweleze, hata kama nitamgombanisha na mwanawe? Au niitoe kimya kimya?

Nijibu upesi, tafadhali. Maonyesho ni Jumamosi ijayo, na jana Nyanya alinipigia simu kuuliza gari la kumchukua litafika saa ngapi. Nilimwambia mtandao unasumbua.

Mchoraji, Nakuru