Barua kwa mwanangu: jina ni lako

Mwanangu,

Salamu. Huku hatujambo, ila bibi yako goti linamsumbua. Picha za mkataba wako wa kuigiza filamu nimezipata, nimesoma, mjomba wako naye amesoma. Ukurasa wa tatu haupo. Umesahau kuupiga, au hawakukupa?

Kilichoninyima usingizi lakini kipo kwenye ule wa pili. Wameandika kwamba jina utakalotumia kuigiza watalichagua wao, na litabaki mali ya kampuni. Sasa mama, si wewe uliyeandika kazi ya chuo kuhusu yule Florence Lawrence, mwigizaji wa zamani wa filamu za Marekani, ukaiacha kwenye kabati la vyombo? Nimeisoma mpaka nimeikariri. Yaani unayaandika mwenyewe halafu unayasahau?

Umeandika kwamba kampuni ya filamu ya Biograph walimchukua mwaka 1908 na hawakutaka jina lake litajwe popote, maana mwigizaji akishajulikana atadai mshahara mnono. Watazamaji wakabaki kumwita Binti wa Biograph. Mwaka 1909 yeye na mumewe wakaulizia kazi kampuni nyingine kimyakimya, huko wakachongewa kwa tajiri wao, wakafukuzwa. Na lile jina? Likabaki palepale, akavishwa mwigizaji mwingine, Mary Pickford. Ndicho ninachokuambia.

Usinijibu kwamba Carl Laemmle, tajiri wake mpya wa filamu, alikuja kumtangaza kwa jina lake. Alimtangaza, sawa. Lakini kwanza mwaka 1910 uvumi ulienea kwamba binti wa watu amegongwa na tramu akafa, na wengi wanaamini aliyeuvumisha ni Laemmle huyohuyo. Kisha akatoa tangazo kuukanusha, akampeleka St. Louis watu wamwone yu mzima. Na mama yake mzazi alikuwa hai! Mimi niletewe habari kama hiyo, halafu niambiwe ilikuwa biashara tu. Tuyaache.

Kwa kipaji chako sina wasiwasi. Wenzangu wa vikoba walinionyesha kile kipande chako cha kuigiza msibani kwenye simu, wakaniuliza, huyu si wako? Nikasema ni wangu, na nikawaambia waangalie tena. Maneno niliyoyasema zamani kuhusu waigizaji, mengine yalikuwa ya kuwafurahisha majirani. Unajua mtaa wetu ulivyo.

Jingine: sijaona neno hospitali popote kwenye huo mkataba. Huyo Florence aliungua wakati wa kupiga picha tukio la moto, mgongo ukaumia, na kazi haikumrudia kama zamani. Miaka ya 1930 kampuni ya filamu ya MGM wakawa wanampa vijisehemu vidogo tu. Yaliyomkuta 1938 unayajua, sitayaandika hapa. Kaburi lake lilikaa bila jina mpaka 1991. Jina tena, unaona? Kwa hiyo uliza: ukianguka kazini, nani analipa?

Ila pale uliposema alipenda magari nilicheka. Akabuni mkono wa kuonyesha gari linakata kona, na kibao cha kusimama kinachoinuka nyuma ukikanyaga breki, wala hakuchukua hataza, ile karatasi ya kumiliki ubunifu. Mama yake, aliyekuwa mwigizaji wa jukwaani, yeye alichukua ya waipa za umeme mwaka 1917. Najua utaniambia naye hakutajirika. Hakutajirika, lakini karatasi ina jina lake.

Wakikuambia kila mtu ametia saini hivyohivyo, waambie wewe mama yako ni mkorofi, anataka kile kifungu kifutwe. Nisingizie mimi, sina shida. Na usitie saini garini au hotelini huku wanakuagizia soda. Njoo nayo nyumbani, au mpe mjomba wako ampelekee yule wakili anayefahamiana naye. Wakikasirika kwa sababu umeomba siku mbili za kusoma, basi umeshajua ni watu gani.

Mdogo wako anadaiwa michango ya shule, hilo nitalimaliza mwenyewe, usitume hela. Ila kitenge cha shangazi yako kipo kwako, ameshaniuliza, na anauliza kwa sauti. Mpe dereva wa basi. Fundi amekuja kuangalia tenki, anasema bomba la chini limeoza, nimemwambia angoje mwisho wa mwezi. Jogoo tumemchinja, alikuwa anadonoa watoto wa jirani.

Vocha nimekurushia, kwa hiyo usiniambie hukuwa na bando.

Mama yako