Ikara haikutokana na volkano

Mhariri,

Makala yenu ya utalii imelifananisha bonde la Ikara, huko milima ya Flinders, Australia Kusini, na Ngorongoro, kana kwamba nalo ni kasoko ya volkano. Hapana. Ni matabaka ya mchanga wa bahari ya kale yaliyokunjika kama bakuli. Mmomonyoko ukaacha kuta za mawe magumu mekundu. Ukiinama utaona michirizi ya mawimbi imeganda juu ya jiwe. Katika matabaka kama hayo, kwenye vilima vya Ediacara katika milima hiyohiyo, mwanajiolojia Reg Sprigg aligundua mwaka 1946 alama za viumbe laini vya miaka milioni 550 hivi.

Familia ya Hill ililima ngano ndani ya Ikara hadi mafuriko ya 1914 yalipoharibu barabara. Wenyeji, Waadnyamathanha, wanaoomba wageni wasipande kilele cha St Mary kilicho ukingoni mwa Ikara, hamkuwataja kabisa. Picha, lakini, safi.

Dereva wa lori, Port Augusta