Kabla hujaenda wilayani

Mama Neema mpendwa,

Sisi huku Kilimanjaro hatujambo, na mama sasa anatembea bila mkongojo. Ujumbe wako nimeusoma mara mbili. Jirani kukata masale, ile mimea yetu ya kuonyesha mpaka, na kuchimba msingi ndani ya kihamba chenu, shamba la urithi la migomba, nimeumia kama ni changu. Lakini hiyo safari ya Jumatatu ya kufungua kesi wilayani, ngoja kwanza, dada yangu.

Anzia kata. Tangu sheria ilipobadilishwa mwaka 2021, Baraza la Kata haliamui tena ardhi ni ya nani, linasuluhisha tu. Hata hivyo usilipite. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya linataka hati ya kata inayothibitisha kwamba usuluhishi umeshindikana. Zikipita siku 30 bila suluhu unaruhusiwa kwenda hata bila hati hiyo, kwa hiyo barua ya malalamiko igongewe mhuri wa kupokelewa, nakala ubaki nayo.

Ukishafungua shauri, omba na zuio la muda, asiendelee kujenga.

Katika maombi yenyewe, taja ardhi kwa mipaka yake. Sisi kwenye kesi yetu ya mpaka tuliandika "kipande cha ardhi kilichopo kijijini" basi, maombi yakaondolewa, tukaanza upya. Kihamba chenu hakijapimwa, hakina bikoni, yale mawe ya mpaka ya wapimaji, wala namba ya kiwanja. Andika kaskazini mmepakana na nani, mfereji unapita upande gani, na hicho kipande kilichomegwa kina hatua ngapi kwa ngapi. Dai hicho hicho, usidai kihamba kizima ambacho hakuna anayekigombania.

Sasa hili ndilo lililonifanya nikuandikie usiku huu. Kesi ya mpaka huonekana vizuri shambani kuliko barazani. Siku walipokuja kukagua eneo letu, mwenyekiti na wale wazee wa baraza wawili, jirani yetu alisema hapajawahi kuwa na masale pale. Mama akapiga magoti, akaondoa majani makavu ya migomba kwa mikono, akafukua. Visiki vikatokea kimoja baada ya kingine, vimekatwa kwa panga, viwili vimeshachipua, vimenyooka kutoka kwenye mti wa mruka hadi mferejini. Mzee wa jirani wa upande wa pili akasimama juu ya kile cha mwisho, akasema hapa ndipo baba zao walipopanda. Nililia palepale.

Tukashinda. Jirani akakata rufaa Mahakama Kuu ndani ya zile siku 45, na kwenye jalada hapakuwa na hata mstari mmoja wa yale tuliyoyaona. Hakuna aliyeandika. Hukumu ikafutwa, ikaamriwa shauri lisikilizwe upya. Na Mahakama ya Rufani ilishaeleza tangu mwaka 1980 namna ya kukagua eneo: wadaawa, yaani pande zote mbili za kesi, mawakili wao na mashahidi wanaohitajika wawepo, yanayoonekana yaandikwe, kisha mkirudi barazani yasomwe mbele yenu mseme kama ni sahihi. Kwa hiyo siku hiyo, kwa adabu kabisa, muulize mwenyekiti kama hayo yanaandikwa. Uliza na maoni ya wazee wa baraza yatasomwa lini, maana nayo yanapaswa kusomwa mbele yenu kabla ya hukumu. Ni haki yako. Mimi niliona haya kuuliza, mama akaja kufukua visiki vile mara ya pili.

Visiki vyako usiruhusu mtu aving'oe. Vipige picha leo hii, mwite na mwenyekiti wa kitongoji avione.

Na jirani akija na isale mkononi, ishara yetu ya kuomba msamaha, ili yaishe, unajua mila yetu, usimkatalie. Lipandeni pamoja mpakani mbele ya mashahidi, mwandikishane, wote mtie sahihi.

Nipigie ukitoka kata. Siku ya kukagua nitakuja, nitashika daftari.

Mwenzako wa bweni