Risala ya Klabu ya Kompyuta kwa Mgeni Rasmi: Kazi za John Warnock

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mkuu wa Shule, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Sisi wanachama wa Klabu ya Kompyuta tunakukaribisha kwa heshima na furaha. Tunajua umeacha shughuli nyingi ili uwe nasi leo, nasi tunasema ahsante sana.

Mgeni Rasmi, kila mwaka klabu yetu humchagua mtaalamu mmoja wa kompyuta na kuzisoma kazi zake. Mwaka huu tumemsoma John Warnock wa Marekani, aliyefariki Agosti 2023. Jina lake halivumi kama la Steve Jobs, lakini humu ukumbini kazi yake imemfikia kila mmoja: fomu za kujiunga na shule, mitihani ya majaribio, hata risala hii, vyote vilikuwa PDF, yaani faili la kompyuta linalohifadhi ukurasa kwa sura ileile popote unapofunguliwa, kabla ya kuwa karatasi.

Warnock alizaliwa jimbo la Utah mwaka 1940. Alipofika darasa la tisa alifeli aljebra. Baadaye akampata mwalimu wa hisabati aliyemfanya alipende somo lile, akaendelea nalo mpaka Chuo Kikuu cha Utah. Mwaka 1969 alipata shahada ya uzamivu kwa tasnifu ya kurasa 32 tu. (Wenzetu mnaojaza maneno kwenye insha, mmesikia.) Humo alionyesha namna kompyuta inavyoweza kujua kitu kipi kiko mbele na kipi kimefichika nyuma: igawe picha robo nne, robo iliyo nyepesi ichorwe, iliyo ngumu igawanywe tena, hadi pasibaki kipande kigumu. Tumeijaribu njia hiyo kwenye karatasi ya miraba, na kweli inakubali.

Mwaka 1978 alijiunga na maabara ya kampuni ya Xerox, California. Yeye na mkuu wake wa kazi, Charles Geschke, walibuni lugha ya kuelekeza printa. Kampuni ikaikalia. Desemba 1982 wakaondoka, wakaanzisha kampuni yao, Adobe, jina la kijito kilichopita nyuma ya nyumba ya Warnock. Lugha yao mpya, PostScript, iliieleza herufi kwa mistari na mikunjo, kisha printa yenyewe ikakokotoa nukta za kuchapa. Ndiyo maana S ileile hutoka laini iwe ndogo au iwe ya bango. Mwaka 1985 Apple iliitia katika printa yake ya LaserWriter, na uchapaji ukahamia kwenye meza za watu wa kawaida.

PDF ilikuja 1993, na kwa maoni yetu hiyo ndiyo iliyohitaji moyo zaidi. Mwanzoni hata programu ya kuisomea iliuzwa, na wateja wakasuasua. Warnock hakuitupa. Programu hiyo ilipotolewa bure PDF ikaenea, na mwaka 2008 ikawa kiwango cha kimataifa.

Mgeni Rasmi, tuna ombi moja. Kompyuta zetu ni chache, kwa hiyo anayetaka kujiunga na klabu hupimwa kwanza kwa alama za hisabati. Kwa utaratibu huo, Warnock wa darasa la tisa tungemfungia mlango. Tunakuomba utusaidie kupata kompyuta za kutosha ili sharti hilo liondolewe. Majina ya wenzetu waliokosa nafasi yako kwa mwalimu mlezi, nasi tungefurahi ukiyapitia kabla hujaondoka.

Tunakutakia afya njema na kazi njema.

Naomba kuwasilisha.