Papa, ninakuomba upokee mahari

Liège, Ubelgiji

Papa mpendwa,

Ninakusalimu kwa heshima, wewe na Mama na wote walio nyumbani Kadutu, Bukavu. Simu ya Jumapili ilikatika kabla sijamaliza, na kwa kuwa maneno yenyewe ni mazito, nimeona heri niyaweke katika barua, uyasome polepole ukiwa peke yako, kabla Baba mdogo hajayasikia.

Jambo ni lile lile la ndoa ya mdogo wangu. Ana miaka 27, anafundisha, na mshahara wake unanunua unga wa nyumba hiyo. Wazee wa upande wa yule kijana wa Shabunda anayetaka kumwoa wamekuja mara mbili, na mara zote mbili wamerudi na kreti zao za vinywaji bila chupa hata moja kufunguliwa. Wewe husemi kwamba kijana ana tabia mbaya. Unasema tu kwamba yeye ni Mrega, hatajua desturi zetu sisi Bashi, na kwamba ng'ombe wa binti yako hawatatoka upande ule.

Katiba yetu ya Kongo ya 2006, kifungu cha 40, inampa kila mtu haki ya kufunga ndoa na mtu amchaguaye, wa jinsia tofauti, na kuanzisha jamaa. Haikuongeza kwamba ukoo uridhike kwanza. Nayo Sheria ya Familia ya 1987, iliyorekebishwa Julai 2016, inataka kila mmoja wa wanaooana akubali yeye mwenyewe, na imepandisha umri wa msichana kuolewa kutoka miaka 15 hadi 18. Mdogo wangu ameupita umri huo zamani.

Lakini sheria hiyo hiyo, na hapa ndipo ninapokusihi, imeacha ufunguo mmoja mkononi mwako. Kifungu cha 361 kinataka mwanamume na jamaa yake wapatane na wazazi wa mwanamke juu ya mahari, na ndoa haiwezi kufungwa kama mahari hiyo haijatolewa, angalau sehemu yake. Nilipoolewa hapa Liège hakuna aliyeniuliza habari za mahari: walitaka vyeti vyetu, wakatuandikisha, tukangoja siku 14 zinazotakiwa, basi. (Ng'ombe uliowapokea baadaye walikuwa heshima ya mume wangu kwako, Wabelgiji hawakumdai.) Kwetu si hivyo. Ukikataa kupokea, unamfungia mtoto njia ya kwenda komini, kwenye ofisi inayoandikisha ndoa, lakini njia ya kwenda kwa kijana hujaifunga. Atahamia kwake bila cheti, kama tulivyoona kwa majirani wengi, na siku kijana akifa, ndugu zake wanaweza kumtoa nyumbani mikono mitupu, kwa kuwa mbele ya sheria hatahesabiwa kuwa mjane wala mrithi. Je, hilo ndilo unalomtakia?

Kuhusu Baba mdogo, nimesikia amemwambia mdogo wangu kwamba ataozwa kwa mfanyabiashara wa Walungu kabla ya Noeli, atake asitake. Sheria ya tarehe 20 Julai 2006 juu ya ukatili wa kijinsia inatoa kifungo cha mwaka 1 hadi miaka 12 kwa mwenye mamlaka ya mzazi au ya mlezi anayemlazimisha mtu kuingia katika ndoa, awe mtoto au mtu mzima. Siandiki haya ili kukutisha, Papa. Mambo yakifika parke, kwa mwendesha mashtaka, atakayeitwa kwanza ni wewe mzazi, na Baba mdogo atakuwa amekwisha kurudi kijijini.

Wewe uliyetufundisha katekisimu unajua kuliko mimi kwamba Kanisa nalo linasimama hapo hapo. Kanuni ya 1057 ya sheria ya Kanisa inasema ndoa hufanywa na ukubali wa wanaooana, na kwamba hakuna mwanadamu awezaye kuutoa kwa niaba yao. Kanuni ya 1103 inaibatilisha ndoa iliyofungwa kwa nguvu au kwa hofu kubwa. Mtaguso wa Trento, ule mkutano mkuu wa maaskofu, mwaka 1563, uliwahukumu waliodai kwamba ndoa za watoto wasioridhiwa na wazazi ni batili, ingawa pale pale ulikiri kwamba Kanisa limechukizwa daima na ndoa za namna hiyo. Kwa hiyo uchungu wako ninauelewa, na hata maaskofu wale waliuelewa.

Sikuombi umpende kijana. Wazee wake watarudi Jumamosi ya kwanza ya Oktoba, na ninaomba wakute mlango wazi. Ukiona ng'ombe wanaowataja ni wachache, bishana nao mpaka jua lizame, hiyo ni haki yako na hakuna atakayekulaumu. Shangazi ameahidi kuketi kando yako, na pesa za chakula cha wageni nitamtumia Mama wiki hii.

Ni mimi, mtoto wako mkubwa.